Mwambie Niko Sawa

Nilikuwa nimekaa kwenye benchi, helmeti mapajani, matapishi kwenye ndevu. Kocha akauliza kama naweza kurudi uwanjani. Nilipaswa kukataa. Badala yake nilimgeukia mchezaji mwenzangu, Okello, nikamwambia, "Mwambie daktari niko sawa."

Kabla ya siku ile nilikuwa mtu mwenye bahati. Nilizaliwa Nakuru, katika nyumba za wafanyakazi wa reli. Baba na mama walikuwa wa makabila mawili, kwa hiyo nyumbani tulizungumza Kiswahili. Shule ya sekondari nilicheza raga, na mbio zangu zikanifikisha Marekani, kwenye timu ndogo ya mpira wa Kimarekani. Huko walinilipa kwa kazi moja: kupewa mpira mkononi na kukimbia nao katikati ya wanaume wanaotaka kukuangusha. Kazi hiyo ni fupi. Ukikaa nje wiki moja, mwingine anachukua nafasi yako.

Siku ile beki mmoja alinigonga kwa kichwa chini ya sikio la kushoto. Sikuhisi maumivu. Niliona weupe tu, kisha nikajikuta benchini natapika. Daktari wa timu aliniuliza tuko wapi. Nilimwelewa, ila Kiingereza cha kumjibu sikukipata. Nikasema kwa Kiswahili, "Tuko Nakuru."

Okello, Mganda aliyekuwa mpiga mateke wetu, ndiye pekee pale aliyejua Kiswahili, tena cha kuokoteza.

"Ssebo, bwana, wewe hauko sawa," akaninong'oneza. "Nakuru gani hii yenye theluji?"

"Mwambie nilikuwa nasali, na mimi husali kwa Kiswahili. Mwambie niko sawa."

Alinitazama, akashusha pumzi, akamwambia. Daktari akanipiga begani. Nilicheza hadi mwisho. Naambiwa nilifunga. Mimi sikumbuki.

Kiingereza kilirudi baada ya siku chache, nikadhani yamekwisha. Kumbe nilikuwa nimejifunza namna ya kuwapita madaktari. Niligongwa tena, msimu huo na misimu iliyofuata, na kila mara nilisema niko sawa. Nyumbani nilifunga mapazia kwa sababu mwanga ulinichoma macho. Mwishowe kano ya goti ilikatika, timu ikaniacha, nikawa dereva wa lori.

Nilipata mtoto mmoja huko, nikamwita Neema. Mama yake alikuwa Mmarekani. Nilimlea Neema kwa Kiingereza, nikijiambia kitamsaidia shuleni. Kiswahili pekee nilichompa ni jina lake.

Mama yake alipofariki, Neema alipata kazi ya ualimu Doha, Qatar, akanichukua tukaishi mtaa wa Al Sadd. Nilipenda maisha hayo. Ijumaa nilikwenda mtaa wa Najma kunyolewa na kula chapati, nikibishana na madereva na askari wa getini kutoka nyumbani Kenya. Waliniita Mzee Touchdown, kwa jina la bao la mpira wangu wa zamani.

Ugonjwa ulianza kwa jambo dogo. Niligonga kichwa kwenye mlango wa kabati la jikoni. Nikasugua, nikanywa chai. Wiki kadhaa baadaye kichwa kilianza kuuma asubuhi. Mchuzi ulinidondoka mdomoni upande wa kulia. Ndala ya kulia ikawa inabaki nyuma nikitembea. Neema aliuliza kuna nini. Nikamwambia ni baridi ya eisi, ile mashine ya kupoza nyumba. Niko sawa.

Asubuhi moja kikombe kilinitoka mkononi, mguu ukalegea, nikaanguka na kujikojolea pale pale sakafuni. Neema alipiga magoti kando yangu. Nilimwambia, "Usiogope, mama." Akazidi kuogopa. Nilikuwa nimesema kwa Kiswahili. Nilijaribu tena, kikatoka Kiswahili.

Hospitalini walidhani naropoka. Muuguzi mmoja akaenda kumwita askari wa kike wa getini, Mkenya, akaja na sare yake.

"Mzee, mimi naitwa Atieno. Daktari anauliza tuko wapi."

"Nakuru."

Niliona uso wake, nikajua nimekosea. Nikamshika mkono. "Binti yangu, mwambie niko sawa."

"Aki mzee, siwezi. Mimi nimesimama kwa jua la Doha tangu asubuhi, na wewe unaniambia tuko Nakuru? Kama ni Nakuru, si ningekuwa kwa mamangu nakula?"

Kisha akamgeukia daktari akamwambia yote kwa Kiingereza, hata kwamba nimemwomba adanganye. Neema aliziba mdomo kwa mkono.

Walininyoa, wakatoboa fuvu matundu mawili, ikatoka damu nyeusi kama oili ya gari. Nilivaa nepi. Nililishwa uji kwa kijiko. Nilijifunza kusimama nikiwa nimeshikwa kiunoni kama mtoto. Daktari alinieleza kupitia Atieno: "Damu hii ililetwa na kabati. Lakini ubongo wako una makovu mengi ya zamani, ya kugongwa kichwa. Kama ubongo ungekuwa mzima kabla ya hapo, huenda ungepona kabisa."

Namshukuru Mungu, natembea bila fimbo. Namshukuru daktari yule. Namshukuru Atieno kuliko wote, kwa sababu alikataa kunisaidia nilivyotaka.

Nanyi vijana mnaocheza raga Ijumaa kule Industrial Area ya hapa Doha, nawaomba. Ukigongwa kichwa, kaa chini. Usimtume rafiki akusemee uongo. Na rafiki akikutuma, kataa, hata akikununia mwaka mzima. Okello hana kosa. Kosa ni langu.

Kiingereza changu hakikurudi. Mwalimu wa matamshi alihangaika nami, nikapata maneno machache: maji, chai, maumivu, asante. Watu wakizungumza Kiingereza nasikia kama redio ya jirani. Neema anajifunza Kiswahili kwa Atieno. Anajua kusema, "Baba, kula," na "Baba, lala salama."

Juzi alirudi kutoka kazini, akakaa ukingoni mwa kitanda changu, akalia. Alizungumza muda mrefu. Sijui kama alifukuzwa kazi, au kuna mtu amemuumiza, au ananililia mimi. Nilimwambia mambo ambayo baba humwambia mtoto. Akatikisa kichwa taratibu, hakuelewa hata moja.

Nina mtoto mmoja, tunaishi nyumba moja, na hatuwezi kuzungumza. Hicho ndicho nilichopoteza siku ile kwenye benchi.