Mnazi Chini ya Kiti cha Bi Nana

Huu ni mwaka wangu wa kumi na moja katika ufundi wa umeme wa magari hapa Malindi, na nikikwambia kwamba wanaume hudanganya gereji kuliko wanavyodanganya nyumbani, niamini. Mtu atakuletea gari lililogonga mnazi akuapie kwamba aliliegesha tu. Kwa hiyo Kalume wa Kiponda aliponiambia Alhamisi asubuhi kuwa taa ya dashibodi imewaka yenyewe, nilimwomba ufunguo tu. Akanipa huku macho yake yako barabarani.

Kalume namjua. Kwao ni Kakuyuni kama kwetu, umri wake miaka hamsini na minne, na kwa miaka kumi na tisa amekuwa dereva wa nyumba ya Farjallah kule Shella. Ndiye aliyekuwa akimpeleka Swafwan, mtoto wa mzee Farjallah, shule. Siku hizi mzee Farjallah ni marehemu, Swafwan ndiye mwenye duka na mwenye gari, na bado humwamkia Kalume shikamoo kila asubuhi kabla ya kumtuma popote. Kalume hajui kazi nyingine. Shati lake jeupe hulipiga pasi mwenyewe, na mtu akimwekea kiganja juu ya boneti ataliona jicho lake.

Taa yenyewe ilikuwa ile nyekundu yenye picha ya mtu aliyeketi na duara mbele yake, yaani mifuko ya hewa ina hitilafu. Nikachomeka mashine ya kusoma hitilafu. Ikasema mfuko wa ubavuni, kiti cha mbele kushoto. Huo umeshonewa ndani ya kiti, upande wa mlango, na kazi yake ni kufura haraka gari likigongwa ubavuni ili aliyeketi pale asivunjike mbavu.

"Hapo huketi nani?" nikamwuliza.

"Mama," akasema. Alimaanisha Bi Nana, mamake Swafwan, ambaye magoti yake hayamruhusu tena kupanda kiti cha nyuma. "Kesho nampeleka Mombasa kwa daktari. Swafwan amesema taa iwe imezima leo alasiri. Na ataka kujua imeharibiwa na nini."

"Imeharibiwa na nini?"

"Mimi sijui, mwanangu."

Nikafungua betri, tukangoja. Mfuko ule una kitu kama baruti ndani yake, na hauguswi kabla umeme wote haujakauka kwenye waya. Mimi huhesabu dakika kumi. Wengine hawangoji, na mmoja wao ana kovu la kuonyesha. Dakika hizo kumi Kalume, ambaye kwa kawaida hukueleza hata bei ya nyanya Kakuyuni, alizimaliza akifuta kioo kilichokuwa safi tayari.

Nilipokisogeza kiti, harufu ilinifikia kabla sijaona kitu. Kwanza udi. Kisha ndimu, kisha sabuni ya unga. Na chini ya yote hayo, harufu niliyokulia nayo, ya tembo la kugema. Ile plagi ya manjano inayounganisha kiti na kompyuta ya gari ilikuwa imelowa ikakauka, na meno yake yameota ukungu wa kijani.

"Mzee Kalume," nikasema, "hapa kumemwagika mnazi."

Akakaa juu ya gurudumu kuukuu na shati lake jeupe. Hapo ndipo nilipojua kwamba mambo yameharibika.

Akanisimulia yote. Kavumbi, mwanawe wa kwanza, anataka kuoa kule Ganze. Jumamosi iliyopita Kalume aliomba gari aende "shughuli ya nyumbani", na Swafwan akampa ufunguo bila kuuliza. Shughuli yenyewe ilikuwa kupeleka kadzama, mnazi wa kuposea, ambao bila huo wazee wa kule hawafungui mdomo kuzungumza na wewe. Akaliweka dumu la mnazi chini, nyuma ya kiti cha Bi Nana, likabanwa na miguu ya wazee watatu wa kwao waliomsindikiza.

Sasa, kila mtoto wa kwetu anajua dumu la mnazi halikazwi kifuniko. Mdomo huzibwa kwa kumbi, nyuzi za ganda la nazi, mnazi upumue, maana huendelea kuchacha na kufura. Kalume alijua pia. Lakini alikuwa ndani ya gari la Waislamu, gari ambalo mama mtu mzima hulisomea dua kila linapowashwa, na akaona haya harufu ibaki humo. Basi akakaza kifuniko. Akakikaza kwa nguvu zake zote, kwa heshima.

Kabla ya kufika Ganze, kwa joto lile na mashimo yale, kifuniko kiliruka hadi dari. Nusu ya mnazi ikaenda kwenye suruali za wazee na nusu ya nusu chini ya kiti. Wenyeji wakalipokea dumu, wakachungulia, wakalirudisha. Kadzama pungufu haipokelewi. Wakaambiwa warudi Jumapili ya wiki inayofuata. Na kesho yake usiku, aibu bado haijamtoka, Kalume akaosha zulia kwa ndoo nne za maji, akamalizia kwa udi. Hayo maji ndiyo yaliyoimaliza plagi. Lakini sikumwambia.

"Nilipataje kazi hii, wajua?" akaniuliza. "Dereva aliyenitangulia alikutwa na chupa moja ya pombe kwenye buti. Moja, na si yake. Mzee hakumpa hata muda wa kuchukua kofia yake."

"Swafwan si babake."

"Ni babake mtupu. Na mimi, mwanangu, nani atanipa usukani na umri huu? Nitarudi Kakuyuni kulima nini, na mvua iko wapi?"

Nilisafisha yale meno kwa dawa na brashi kwa muda wa saa nzima. Nikarudisha betri, nikafuta hitilafu. Taa ikazima. Kalume akasimama. Ikawaka tena. Jino moja lilikuwa limeliwa likakatika, na plagi nyingine ya aina hiyo ingetoka Mombasa, ifike Jumamosi.

Akapiga magoti. Mtu aliyenizidi miaka kumi na mitano, mbele ya gereji, watu wakipita. Akasema amesikia mafundi wana namna ya kuizima taa. Nilikasirika, nikamwambia ainuke. Hakuinuka. Na nitasema ukweli kwa kuwa nimeanza kwa kuwasema wengine: nilifungua droo nikatoa kile kipande cha kuzimia taa. Ni kidogo, hakizidi punje ya mchele. Unakichomeka kwenye plagi, mahali pa waya wa kiti, na kompyuta inaamini kwamba mfuko upo na ni mzima. Nikakichomeka. Taa ikazima, ikabaki imezima.

Kalume akajifuta uso. Akaingia garini, akaiangalia dashibodi kama mtu anayesoma barua ya kheri. Kisha macho yakaangukia kiti cha kushoto. Kulikuwa na mto mdogo wa kuegemea, wenye maua, ambao Bi Nana huuweka mgongoni.

"Na tukigongwa upande huu?"

"Mfuko hautafunguka."

"Na yeye hatajua."

"Hakuna atakayejua."

Akauchukua ule mto, akaukung'uta, akaurudisha vilevile ulivyokuwa. Nilisikia adhana ya alasiri ikianza, na nikatamani aondoke tu, aende na taa yake iliyozima, aniache.

"Kitoe," akasema.

Nikakitoa. Taa ikawaka nyekundu, na ilikuwa ingali inawaka Swafwan alipofika kutoka msikitini.

"Shikamoo mzee Kalume. Fundi amesema nini?"

Nilikuwa na uongo wangu tayari. Ningesema maji ya mvua, na fundi akisema maji nani atabisha? Lakini Kalume alinitangulia. Alisema yote, dumu, Ganze, kifuniko, udi, huku akiangalia viatu vyake. Hata kile kipande cha kudanganyia alikitaja, akasema alikitaka yeye, mimi sikutaka. Ni kweli nusu, na nilimwacha aiseme hivyo.

Swafwan hakupaza sauti. Ningependelea apaze.

"Mama yangu amekuwa akisifu ule udi," akasema. "Tangu Jumatatu yuasema, Kalume amenitilia udi garini." Akanyoosha mkono. "Ungeniambia, mzee Kalume, ningekukodia gari jingine mimi mwenyewe."

Kalume akampa ufunguo. Swafwan akaniambia kesho watakodi gari, hili libaki hadi plagi ifike. Akaondoka kwa miguu, na hakuaga. Kalume akabaki amesimama, vidole vikiwa bado vimekunjwa kama vimeshika kitu.

Plagi ilifika Jumamosi. Nikaifunga, taa ikazima kihalali, na kijana mmoja wa Shella nisiyemjua akaja kulichukua gari.

Jumapili asubuhi nilimwona Kalume akipita mbele ya gereji na Kavumbi, wanaelekea kutafuta usafiri wa Ganze. Alikuwa amevaa lile shati jeupe, na amebeba dumu jipya begani, limejaa. Mdomo wake ulikuwa umezibwa kwa kumbi tu, mnazi unapumua, harufu inamtangulia barabarani na yeye hana tena wa kumficha.

Akasimama kidogo.

"Ile taa imezima?"

"Imezima, baba."

"Uliijaribu vizuri? Upande wa Mama?"

"Niliijaribu mara tatu."

Akaitikia kwa kichwa, akahamisha dumu bega la pili, akaendelea na safari yake.