Mwinjilisti na Baiskeli ya Misheni

"Mimi nimeshaokoka, Peponi nina kiti changu," mwinjilisti alikuwa akijigamba sokoni Ngamiani, kidole gumba kikichezea kengele ya baiskeli ya misheni. Bi Mwatumu, muuza vitumbua, Mwislamu, alikuwa akimjibu kila asubuhi: "Mwalimu, usijigawie Pepo, hata mauti hujayaonja." Naye mwinjilisti alikuwa akicheka, akijipangusa mafuta ya kitumbua gotini. Raha ya asubuhi zile Bi Mwatumu hakuipata tena. Maana siku moja mchungaji wa misheni alimjia mwinjilisti palepale: "Acha kujigamba umeshaokoka. Sema unatumaini kuokoka, ama urudishe baiskeli." Mwinjilisti akaipapasa kengele asiilize. "Mchungaji, nitatumainije nilichokwisha kupewa?" Akamkabidhi usukani, akashika njia ya Pangani kwa miguu. Katambuga, viatu vya tairi vya kutembelea njia ile, mwaka ule wa hamsini na tatu, zilikuwa shilingi mbili.