Mwanya wa reli

Asubuhi nikifungua geti, kutu hubaki kiganjani, na harufu yake hunirudisha kwenye njia ya shambani, nje kidogo ya Nachingwea.

Treni sikuwahi kuiona. Reli ziling'olewa kabla sijazaliwa, ila pale njia ilipokatiza tuta la reli zilibaki mbili, upana wa mita moja kati yao. Ndani ya kila reli kulikuwa na chuma kingine sambamba, kikiacha mwanya mwembamba wa kupitisha ukingo wa gurudumu. Siku moja, nikienda shambani na mama, nilikuwa naipima ile mita kwa hatua zangu, mguu wa kulia ukazama kwenye mwanya hadi kifundoni.

Mama alivuta, nikalia. Kiatu cha plastiki kilikuwa kimejikunja kwa chini. Moto wa watu waliokuwa wakisafisha mashamba ulikuwa umeruka, unatujia na upepo; kukichana kiatu bila kunikata kulitaka muda.

"Mama, usiende kuita watu."

"Siendi."

Alishika jembe akaparura nyasi pande zote. Kisha akaimwagia kanga yake maji yetu ya kunywa, akanilalia na kutufunika. Reli ilipata joto shavuni mwangu. Moshi ulinijaa kinywani.

Moto ulipopita, alikichana kiatu kwa ncha ya panga, akauzungusha mguu taratibu, ukatoka umechubuka.

Tulikaa juu ya tuta jeusi.

"Mama, mbona hukukimbia?"

Alinifuta masizi puani.

"Ningekimbia na nani, mwanangu?"