Kabla ya Kuifuta Mashine ya Idi

Usiku ule wa kuamkia siku ambayo mnunuzi angekuja kuichukua mashine ya gemu ya mwanangu, nililala na nguo zangu za mchana. Sikula, sikuoga, hata kilemba sikuvua. Rukia, binti yangu, alinichungulia mlangoni, akaguna, akaenda zake. Ananijua nikishanuna.

Niseme kwanza yaliyotokea jioni yake, maana ndoto ilianzia huko.

Idrisa, sisi tukimwita Idi, aliishi na seli mundu, ule ugonjwa wa damu unaouma viungo, tangu utotoni. Mpira aliupenda kupita kiasi, na kila alipojaribu kuucheza tulimpeleka hospitali. Alipokua akajinunulia ile mashine kwa kazi yake ya kuchapia watu barua, akawa anacheza mpira amekaa kitandani, mto mgongoni, chupa ya maji ubavuni. Mle ndani alijiita Idi Mbio. Nikamwambia huo si utani wa kufanya, akanijibu, "Mama, humu hakuna anayenipita." Alikuwa akicheza na vijana wa mbali ambao hajawahi kuonana nao, wanaongea kwa hedfoni, wanataniana na kucheka mpaka naugonga ukuta.

Alifariki mwaka jana wakati wa masika. Arobaini ilipopita tukagawa vitu vyake kama ilivyo desturi yetu hapa Tanga. Mashati yalikwenda kwa binamu zake, msala wake tukampa mwalimu wa chuo cha Kurani. Mashine niliikalia. Kila aliyekuja kuiulizia nilimtoa kasoro. Ukweli ni kwamba nilikuwa naiwasha kila siku nikishamaliza kusuka wateja wangu. Kucheza sijui. Nilikuwa naiwasha tu, linatokea jina lake, na pembeni kitone cha kijani ambacho Rukia alinieleza maana yake, kwamba Idi Mbio yupo. Nilikuwa nakaa nakitazama hicho kitone hadi magharibi inaingia, na nilikuwa na raha. Sioni aibu kusema nilikuwa na raha.

Rukia ndiye aliyenichoka. "Mama, wewe na hiyo mashine mtazeeka pamoja," alisema, na wiki hiyohiyo akapata mnunuzi. Akanionyesha pa kubonyeza ili kuiflashi, kila kitu cha Idi kifutike, mtu aikute tupu. Alitaka kuifanya yeye. Nikamwambia aniachie.

Basi jioni ile nikakaa na rimoti, nimevaa zile hedfoni zake kama nilivyozoea, kwa kuwa bado zilikuwa na harufu ya mafuta yake ya nywele. Nikatafuta pale Rukia aliponionyesha, nikapotea. Kikatokea kijisanduku chenye maandishi, nami nikabonyeza nikidhani ndipo penyewe. Kumbe ulikuwa mwaliko, na nilikuwa nimeuitikia. Juu ya kioo likaandikwa jina, Kobe wa Kigoma, na sauti ya kijana ikaniingia masikioni.

"Idi? Kaka, ulipotelea wapi?"

Nikatafuta pa kuzimia, sikupaona.

"Kila siku nakuona upo, nakualika, huitiki. Nimekukosea nini?"

Nilifungua mdomo. Sauti haikutoka.

"Haya, usiseme. Nakusikia unahema. Alhamdulillahi, uko mzima."

Nikachomoa waya ukutani, nikaenda kulala na zile nguo.

Ndotoni niko kwenye korido ya nyumba yetu, ila imekuwa ndefu, na mwisho wake limetundikwa pazia la shuka nyeupe walilolitundika siku ya kumwosha Idi. Siku yenyewe sikuingia. Mtoto wa kiume mkubwa huoshwa na wanaume, nami nilikaa chumba cha pili na wanawake wenzangu, nasikia kata ikigonga ndoo. Ndotoni pia nilikaa kusubiri. Lakini maji hayaishi. Yanamwagwa na kumwagwa, yanapita chini ya pazia, yananifikia miguuni, na ni ya baridi.

Pazia likasogezwa. Aliyetoka hakuwa mmoja wa wale wanaume. Alikuwa mama yangu mzazi, Bi Tatu, aliyekufa Rukia akiwa bado ananyonya. Maisha yake yote alikuwa mwosha maiti wa wanawake wa mtaa wetu, hata siku za harusi mikono yake ilinukia kafuri. Amejifunga kanga kifuani, amelowa mpaka viwikoni, na amechoka. Sikujua kama wafu nao huchoka.

"Njoo ushike kichwa," akasema.

Naingia, na chumba ni cha Idi, televisheni yake iko ukutani inawaka. Mwanangu amelazwa kwenye kitanda cha kuoshea, chini yake umechimbwa ufuo, lile shimo la kupokea maji ya maiti. Nikashika kichwa. Mimi ni msusi, vichwa navijua kwa vidole kuliko kwa macho, na hiki kilikuwa chake, na kile kinundu nyuma ya sikio la kulia alichokipata kwa kuangukia kinu. Kilikuwa na joto. Hilo ndilo lililonitisha kuliko yote, kwamba kilikuwa na joto.

Mama anamwaga maji, anaanza na ubavu wa kulia kama inavyopasa, kisha wa kushoto. Maji yanaingia shimoni na shimo halijai. Kila anapochukua kitambaa amkaushe, televisheni inatoa mlio mdogo, na macho ya Idi yanafumbuka. Yanakitafuta kile kitone cha kijani, yanakitazama, yanafumba tena. Mama anaweka kitambaa chini, anachota maji, anaanza upya na ubavu wa kulia.

"Mmeanza lini?" nikamuuliza.

"Hatujamaliza tangu siku ile."

Nainua macho na hatuko chumbani tena. Ni uwanja mpana wa mpira, nyasi zake kijani mno, taa kubwa zinawaka juu na jukwaani hakuna mtu. Katikati, pale mpira unapoanzia, limewekwa jeneza. Wanaume wa mtaa wetu wote wapo, wamejipanga safu kwa ajili ya kumsalia, lakini hakuna anayeanza. Imamu ananitazama mimi. Mbali, karibu na goli, wamekaa vijana kwenye nyasi, wamevaa jezi, nyuso zao sizioni vizuri. Wanapasha misuli, wanafunga kamba za viatu, wanachungulia upande wetu. Mmoja wao mgongoni ameandikwa Kobe.

"Mbebeni basi," nikawaambia wanaume. "Mnangoja nini?"

Kaka yangu akainama na wenzake, wakashika, wakavuta. Jeneza halikuondoka chini. Wakarudi kwenye safu zao, na imamu akaendelea kunitazama.

Nikahisi mtu ubavuni kwangu. Ni Idi, amesimama, amejifunga shuka ya hospitali, maji yanamchuruzika. Sanda hakuwa nayo. Alikuwa amekonda kuliko siku aliyokufa. Nikanyoosha mikono nimkumbatie, akarudi nyuma kidogo, taratibu, kama mtu anayekinga kidonda.

"Mama, ukiiwasha naitwa," akasema. "Nikiitwa naamka. Nikiamka miguu inauma."

Hakusema kwa hasira. Angekasirika ningejua la kumjibu, maana kugombana tulikuwa tunajua. Alisema kama alivyokuwa akisema usiku wa maumivu, kwa sauti ya chini asimwamshe dada yake. Mwaka mzima. Mwaka mzima mimi naona raha, na mwanangu miguu inauma.

"Nilitaka tu kujua kwamba upo," nikamwambia.

"Sipo, mama."

Bi Tatu akaja akasimama kati yetu, kata mkononi. Akaelekeza kidevu kwa wale vijana walioko golini.

"Msiba mliutangaza msikitini," akasema. "Muheza mlituma mtu. Mombasa mlipiga simu. Hawa nani aliwaambia?"

Nikawatazama. Sasa wamesimama, wanarukaruka kujipasha, mmoja anampungia Idi mkono. Sikuwa nimewafikiria hata siku moja. Kwangu walikuwa makelele ya nyuma ya ukuta. Ndugu wa mbali kabisa, ambao Idi mwenyewe hakuwajua majina, niliwatafuta mmoja mmoja wakati wa msiba, na hawa aliocheka nao kila siku nikawaacha.

"Hatuwezi kumtoa," mama akasema. "Wale wanamngoja aje acheze."

Idi akautazama ule uwanja, nyasi zake na taa zake, akautazama kwa muda mrefu. Midomo ilikuwa inamtetemeka kwa baridi.

"Waambie, mama. Halafu umalizie kuniosha. Wewe."

Mama akanipa kata. Ilikuwa nzito, imejaa pomoni, nami nikaishika kwa mikono miwili nisiimwage, nikageuka nianze na ubavu wa kulia. Idi akafumba macho. Nikamwaga.

Nikaamka kilemba kimelowa machozi. Adhana ya alfajiri ilikuwa inamalizikia. Nikatawadha, nikaswali, nikaketi pale kwenye msala nikitumaini woga utapungua, na haukupungua. Nikaenda chumbani kwa Idi, nikachomeka waya, nikavaa hedfoni. Kwenye kioo, mbele ya jina la Kobe wa Kigoma, kilikuwepo kitone cha kijani. Sikuhitaji hata kutafuta pa kubonyeza, mwaliko wake ulikuwa unaningoja palepale.

"Idi," akasema, sauti imekwaruza. "Nilijua utarudi. Sijalala, nakungoja."

"Baba, mimi ni mama yake. Idi alifariki. Tulimzika mwaka jana, wakati wa masika."

Nikasikia hedfoni zake zinawekwa chini, kisha zinavaliwa tena.

"Mama, jana nimemsikia. Alikuwa anahema."

"Ulinisikia mimi."

Nikamsikia analia, kijana mwenye sauti nzito vile, analia kwa kwikwi, na huko aliko majogoo wanawika. Nikamwacha. Nilitamani niwe karibu nimshike bega.

"Nimemsema vibaya, mama," akasema alipoweza. "Mwaka mzima namsema kwa wenzangu. Kwamba anajidai, yupo na anatunyamazia."

"Hukujua. Ni sisi hatukuleta habari."

"Wengine pia hawajui." Akavuta pumzi. "Usizime kwanza, mama. Niwapigie."

Wakaingia mmoja baada ya mwingine, sauti za watu waliotolewa usingizini, na kila aliyeingia nikamwambia upya tangu mwanzo, jina la mwanangu kamili, ugonjwa wake, makaburi aliyozikwa. Sikumkatia mtu habari. Mmoja wao, ambaye kwa lafudhi yake nadhani ni wa Unguja, akaomba tumsomee Fatiha, tukamsomea. Waliokuwa si Waislamu walingoja kimya mpaka tukamaliza, wakanipa pole. Halafu wakaniaga, nikabaki peke yangu na jina lake.

Safari hii sikupotea. Nikafuata hatua zote alizonionyesha Rukia, nikabonyeza pa mwisho. Kwenye kioo ukatokea mstari mwembamba, ukawa unajaa polepole, nami nikauwekea mkono kama ninavyoweka kwenye kichwa cha mteja aliyesinzia, mpaka ukafika mwisho na jina lake halipo.

Rukia aliamka akanikuta nimekaa sakafuni.

"Umeshindwa tena?" akaniuliza.

"Mwambie huyo mtu aje," nikamwambia. "Ndugu yako hayumo tena."

Akachuchumaa akanishika mikono, akashangaa ilivyo baridi. Hapo ndipo nikalia kwa sauti, kilio cha siku ya msiba, hadi majirani wakaja mlangoni kuuliza nani amekufa. Nikawaambia ni Idi.