Mzee Niliyemchapa Mwiko

Nakiri mwenyewe kabla majirani zangu wa Butimba hawajaongeza chumvi. Televisheni ilikuwa bado ngeni Mwanza, nasi wapishi sita tukashindanishwa mbele ya kamera. Sangara wangu wa nazi alipokuwa anatokota, mzee mmoja aliyevaa kandambili akafunua sufuria na kuchovya kidole. Nikamchapa mkono kwa mwiko.

“Shikamoo mzee, lakini hiki ni chakula cha majaji!”

“Marahaba, mwanangu,” akajibu, akaondoka akilamba kidole.

Mimi mjuaji nikajisifu kwa wenzangu kwamba nimemfukuza mdokozi. Wakati wa matokeo, mtangazaji akamkaribisha jaji mkuu. Akapanda jukwaani mzee yule yule, akisugua mkono. Nikauficha mwiko nyuma ya mgongo.

“Mshindi ni huyu aliyenichapa,” akasema. “Na kwa mchuzi ule, hata kuchapwa tena nakubali!”