Mkono Wangu Kwenye Kona

Mkoba wa kamera ya Ami Nassor ulinukia ngozi na udi. Ngozi kwa sababu ulikuwa wa ngozi, na udi kwa sababu bibi yangu aliuweka ndani ya kasha lake la nguo, chini ya kanga zake za kutokea, ili vumbi la Matrah lisiufikie. Kila Ijumaa baada ya sala ya alasiri kasha lilifunguliwa, harufu ile ikatoka ikajaa ukumbini, nami niliyekuwa nimeshavaa viatu tangu adhuhuri nikasimama mlangoni nikijifanya nimepita tu. Nilikuwa na miaka tisa. Hadi leo nikipita duka la mikoba nikanusa ngozi mpya, moyo hunienda mbio kama mtu aliyechelewa mahali, na baada ya moyo hufuata ule wivu ambao sijapata kuumaliza vizuri.

Ami Nassor alikuwa ndugu mdogo wa baba yangu. Tulipotoka Unguja kwenda Uarabuni mwaka wa sitini na nne kila mtu alichukua alichoweza kukibeba, naye akachukua kamera na mashati mawili, na Bibi hakuacha kumwuliza mpaka anakufa kwa nini hakuchukua cherehani. Alikuwa na jibu lake. Alisema mji aliouacha hakuupiga picha hata kichochoro kimoja, kwa kuwa alidhani utamngoja, na kosa hilo hatalirudia kwa mji wa pili. Basi akawa anapita mitaa ya zamani ya Matrah, ile ya nyuma ya soko, ambako kuta zimeegemeana, na mbuzi wanatafuna magunia ya dagaa wakavu, akipiga picha milango, ngazi, vibaraza, madirisha ya mbao yaliyopauka. Watu hakuwapiga. "Watu wana hiari zao," alisema, "kuta hazina." Filamu moja ilikuwa na picha kumi na mbili. Ililetwa kutoka Bombay na rafiki yake aliyefanya kazi melini, na ikishajaa ilirudi huko huko kusafishwa, kwa hiyo picha ya leo ungeiona baada ya miezi miwili, kama meli haikuchelewa. Alizitumia kwa ubahili wa kuudhi, picha mbili au tatu kwa Ijumaa, siku nyingine hata moja asipige.

Kamera yenyewe ilikuwa ya kushikwa kifuani. Ami aliinamisha kichwa akatazama ndani ya kioo kidogo kilicho juu yake, na akishainama hakuona kitu kingine chochote duniani. Vichochoro vile navyo, saa za alasiri, vilikuwa vya wanawake. Walitoka vibarazani kupara samaki, kuchambua mchele, kusukana nywele, vichwa wazi, wakijua kwamba mwanamume hakatizi hapo bila ya kujitangaza. Ndiyo maana alinihitaji mimi. Nilimtangulia mpaka kwenye mlango wa kwanza, nikapiga kelele "Hud! Hud!" kama wanavyobisha watu wa kule. Wanawake wakacheka, wakavuta shela zao, wengine wakaingia ndani, kisha mmoja akaniitikia "Qarrib!", maana yake tukaribie. Hapo nikainua mkono wa kulia juu kabisa, na Ami akaja na kamera yake kifuani. Ilikuwa kazi yangu na niliipenda kuliko chakula. Watu wazima waliacha walichokuwa wakifanya kwa sababu ya sauti yangu. Walinipa tende, walinipa kahawa katika kikombe kidogo nisichoruhusiwa kukigusa nyumbani, na mtaa mzima ulinijua kuwa ni binti wa Zinjibari wa mtu mwenye kamera.

Kisha akaja Asya. Alikuwa binti wa shangazi yangu, dada yao baba na Ami, na shangazi alikuwa amefariki. Alishuka melini na furushi moja la nguo, mwaka mmoja mkubwa kuliko mimi, na kila mtu nyumbani akanambia nimwonee huruma. Nilimwonea kwa siku tatu. Siku ya nne nikagundua kwamba Kiarabu chake ni safi, kwani kwao ndicho kilichosemwa nyumbani, wakati changu kilichanganyika na Kiswahili mpaka watoto wa jirani wakinicheka, na kwamba ana sauti nzuri, ya upole, inayofika mbali bila kupiga ukelele. Ijumaa ya pili Ami alituita sote wawili.

"Zuwena, mwanangu," akanambia, "leo Asya atatangulia. Wewe utasimama kwenye kona. Vichochoro hivi vina mikunjo, nami simuoni mtu akishapinda. Asya akikupa ishara, wewe unanipa mimi. Umefahamu?"

Nilifahamu vizuri sana. Nilikuwa nimefanywa kuwa nguzo. Asya alikwenda mbele akapewa tende, nami nikasimama kwenye kona na ukuta, nikingoja ainue mkono wake ili niinue wangu. Akamwita Ami "Mjomba", kwa haki yake, kwa kuwa ni kaka wa mama yake, lakini neno lile lilipomtoka lilikuwa na utamu ambao "Ami" yangu haikuwa nao, na mimi nikaliona ni wizi. Ami alimshonea kiatu chake kilichokatika ukanda. Bibi alitushonea kanzu za kitambaa kimoja, nikasikia jirani akisema inampendeza Asya zaidi, na inawezekana hakusema hivyo, inawezekana alisema inatupendeza sote, lakini mimi nilisikia nilivyotaka kusikia. Nilimwomba Mungu amkaushe sauti. Si moja kwa moja, sikuwa mbaya kiasi hicho. Ijumaa tu.

Siku ninayoikumbuka ilikuwa ya baridi, mwanzoni mwa mwaka wa sitini na saba, baridi ya kule isiyozidi kukutaka uvae sweta. Filamu ilikuwa imebakiwa na picha mbili. Tuliingia kichochoro kimoja chembamba ambacho jua lilifika mahali pamoja tu, pale penye kona, na pale ndipo niliposimama. Asya akaenda kwa mwendo wa pole pole ulioniudhi, akafika mlangoni, akabisha. Nilimwona akisikiliza. Akageuka akanitazama, akatikisa kichwa na kushusha kiganja: bado. Nyuma yangu nikasikia kamera ikilia "tk", nikadhani Ami amepiga ukuta, kwani alipenda kuta. Akazungusha kitufe kuleta picha ya mwisho. Asya bado alikuwa amesimama pale, akinitazama mimi badala ya kutazama mlango, na nikaona kama kwamba ananichungulia wivu wangu na unamfurahisha.

Nikainua mkono. Sikuteleza, wala sikusahau kama nilivyokuja kujisingizia baadaye. Nilijua bado. Nilijua pia kwamba mwanamke akilalamika atalaumiwa aliyetumwa mlangoni, na Ijumaa ijayo atakayetumwa ni mimi. Yote hayo niliyawaza kwa muda mfupi kuliko ninavyoyaandika hapa. Ami akanipita kichwa kimeinama, akapinda kona, na mwanamke kijana alikuwa amekaa kwenye ngazi na beseni, kichwa wazi, nywele zimejaa povu la majani ya mkunazi, macho ameyafumba kwa kuogopa povu. Kamera ikalia kabla Ami hajatambua aliyemo kwenye kioo. Asya akapiga kelele kabla ya yule mwanamke. Beseni likapinduka, maji ya kijani yakatujia miguuni, mlango ukafungwa kwa kishindo, kisha ukafunguliwa tena na akatoka mzee na bakora yake, baba wa mume wake.

Mzee hakupiga kelele, na hilo ndilo lililonitisha. Alimwuliza Ami kwa utaratibu kilichomo ndani ya kisanduku kile. Ami hakujitetea. Alifungua kamera mgongoni, akaivuta filamu yote nje mpaka mwisho wake, akaishika juu ya kichwa chake kwenye jua, ikaning'inia imejikunja, nyeusi inayong'aa. "Hakuna kilichobaki, baba yangu," akamwambia kwa Kiarabu. "Tuwie radhi." Mzee akaichukua, akaikunja kiganjani na kuingia nayo ndani. Picha kumi na mbili, kazi ya mwezi na zaidi. Ami akawa anatazama mikono yake mitupu, na nilishangaa, kwa kuwa alikuwa na sura ya mtu aliyepoteza kitu kikubwa kuliko milango.

"Nani kanipa ishara?" akauliza tulipofika sokoni.

"Mimi, Ami," nikasema. "Lakini Asya kanionyesha tayari."

Asya akanitazama.

"Asya?"

"Niwie radhi, Mjomba," akasema.

Basi nikapata nilichokitaka. Asya akabaki nyumbani Ijumaa na Bibi, akichambua mchele, nami nikarudishiwa mlango wangu na tende zangu. Ila filamu hakukuwa na nyingine. Kwa Ijumaa mbili Ami alibeba kamera tupu kwa mazoea, nami nikabisha "Hud! Hud!", wanawake wakajifunika kwa heshima, na yeye akapita kichwa kimeinama akitazama kwenye kioo vitu asivyoweza kuvichukua. Ijumaa ya tatu kasha halikufunguliwa. Kabla ya joto kurudi alikwenda Kuwait kutafuta kazi, na barua zake zilipokuja zilianza na salamu kwa Bibi, kisha kwa Asya, kisha kwangu. Niliuhesabu mpangilio huo kila barua ilipofika.

Sasa sote ni mabibi. Asya anakaa mtaa wa Azaiba, mimi si mbali naye, na tulistaafu kazi za serikali mwaka ule ule, ingawa cheo chake kilikuwa juu ya changu. Matrah ya nyuma ya soko sasa inatembelewa. Vijana hupita makundi kwa makundi na kamera zao, mjukuu wangu Lubna akiwa mmoja wao, na hakuna anayebisha, kwani nyuma ya milango mingi hakuna wa kujifunika. Nyumba nyingine zimefungwa, nyingine wanakaa vibarua waliotoka mbali. Ijumaa moja Lubna alitukuta kwa Asya tukinywa kahawa, akatuonyesha kwenye simu picha alizozipiga asubuhi ile moja, nadhani mia mbili, milango ile ile, nami nikawa nazipitisha kwa kidole nikiitafuta kona. Aliniomba picha yangu ya utotoni, aiweke pamoja na hizo. Nikamwambia sina. Ya kwanza kabisa ni ya pasipoti, nina miaka kumi na sita na nimekodoa macho.

"Ilikuwapo moja," akasema Asya.

Nikamtazama.

"Siku ya yule mwanamke wa majani ya mkunazi. Asubuhi yake Mjomba aliniita uani. Akanambia, Asya, Zuwena kaninunia tangu ulipokuja, nnataka nimpige picha pale kwenye kona bila ya kujua, nimpe siku ya Idi ya Mfunguo Tatu. Ukifika mlangoni jikawize, umtazame yeye, asije akageuka."

Ile "tk" nyuma yangu. Nilikaa nayo zaidi ya miaka hamsini nikiiita ukuta.

"Kwa hiyo mkono wangu uliuona," nikasema.

"Nilikuwa nakutazama wewe, mwenzangu. Ningekosaje kuuona?"

"Mbona hukusema?"

Akamimina kahawa kwanza. "Ningesema, Mjomba angejua ile picha yako kaichoma juani kwa kosa lako mwenyewe uliyepigwa. Nikaona bora anikasirikie mimi."

Lubna alikuwa ameiweka simu chini. Mimi sikuomba radhi, ingawa ndipo palipokuwa mahali pake, na nimeiomba siku nyingine. Nililouliza lilikuwa jingine.

"Nilikuwaje?"

"Umeegemea ukuta," akasema Asya, "mguu mmoja juu ya mwingine, mtandio umekuangukia begani. Mdomo umeuvuta mpaka hapa. Na jua lote la kichochoro kile limekuangukia wewe."

Nikamwonea wivu upya, kwa kuwa picha yangu ya pekee ya utotoni anayo yeye na siwezi kumnyang'anya. Nikamwambia anieleze tena tangu mwanzo, na pale kwenye jua asiende haraka.