Mafunguo ya Kamusi

Kwa miaka ishirini na mmoja Fundi alitengeneza redio, pasi na mashine za michezo katika chumba cha mbele cha nyumba ya marehemu mama yake. Kaka yake mkubwa, aliyelazwa chumba cha nyuma na maradhi ya uti wa mgongo, aliitwa Kamusi, kwani hakuna mgeni aliyeingia akatoka bila kusahihishwa usemi wake.

Wawili hao waliupenda mchezo mmoja wa zamani, ambao mchezaji hujitwalia nafsi ya shujaa, akatembea nchi ya kubuni na kuzungumza na kila amkutaye. Mashine ambazo mchezo huo ulitengenezewa zilikuwa zimekufa zote. Fundi akafungua kufuli la kiwandani, lile linalozuia michezo ya nje, katika mashine ya kisasa, akauhamishia humo mchezo mzima, kipande baada ya kipande. Kazi hiyo ilichukua miaka minne. Kamusi, kitandani, alitunga mazungumzo yote kwa Kiswahili, na kila neno lilipaswa kuenea katika nafasi yake, herufi kwa herufi. Likipungua, yaliyofuata yote yangeteleza.

Mlinzi wa daraja alipewa maneno haya: "Leteni mafunguo yote!"

"Ni funguo, kaka. Funguo zote," alisema Fundi.

"Hizo ni za kabati lako. Za lango la mfalme ni mafunguo."

Sarufi haikubali jambo hilo, wala mimi silitetei. Lakini neno lile lilikuwa na herufi nane, na nafasi ilikuwa ya herufi nane. Likabaki.

Kamusi alifariki wiki tatu baada ya mchezo kukamilika. Hakuacha mtoto wala kitabu. Jina lake lilikuwa mahali pamoja tu, katika ukurasa wa kwanza wa mchezo: "Maneno: Kamusi."

Fundi alimpa nakala mwenye duka la mashine za michezo, aliyejiita Mfalme, aijaribu tu. Mwezi haukwisha, mchezo ukawa unauzwa dukani, na ukurasa wa kwanza ukisema: "Maneno: Mfalme." Herufi sita zilitolewa, sita zikatiwa, wala hapakuteleza kitu. Fundi alipokwenda kuuliza, aliambiwa, "Dada, jina ni jina tu. Marehemu atalifanyia nini?" Akarudi nyumbani. Siku ile aliunguza pasi mbili za watu, jambo ambalo halikuwahi kumtokea.

Kisha Mfalme akaitwa msomi, naye akaamini. Akaondoa "mafunguo", akaandika "funguo", na kwa elimu yake akasahau kugeuza "yote". Mlinzi sasa alisema, "Leteni funguo yote!" kisha akaganda. Herufi mbili zilikuwa zimepungua. Lango halikufunguka kwa yeyote.

Wateja walifurika dukani, mashine mikononi. Fundi alipofika, alimsikia Mfalme akijitetea:

"Si mimi jamani! Mchezo wa Fundi huyo, mwulizeni mwenyewe!"

"Kumbe ni wangu?" Fundi alisema mlangoni. "Tangu lini?"

"Aa, dada yangu! Karibu. Tusaidiane basi. Mchuma janga hula na wa kwao."

"Ulipokula utamu ulikula peke yako. Leo ni janga, ndipo nimekuwa wa kwenu?"

Wateja walicheka. Mfalme hakucheka.

"Ni herufi mbili tu, Fundi."

"Na sita za kaka yangu. Utazirudisha?"

"Nitaonekana mwongo mbele ya watu!"

"Kuonekana ndiko kunakokutisha?"

Akawageukia wateja. "Njooni dirishani kwangu, kila mtu na mashine yake. Mchezo huu hauuzwi. Nitauweka mzima, na jina la aliyeutunga."

"Dada, utaniulia biashara!"

"Wewe umemwua kaka yangu mara ya pili."

Walimfuata. Alifanya kazi hadi alasiri bila kutabasamu, akiwatazama wote wakisoma ukurasa wa kwanza kwa sauti kabla ya kuondoka. Hilo ndilo sharti lake pekee. Wa mwisho, mwalimu mstaafu, alisoma akafika hadi darajani, akavua miwani.

"Mwanangu, hapa pana kosa. Ni funguo zote. Nikusahihishie?"

Fundi aliweka bisibisi mezani.

"Liguse, mwalimu, uone."